Kondoo Aliyebaki

Viatu ndivyo vilivyotangulia.

Asubuhi ile Bucha alitoka chumbani akipapasa sakafu kwa mguu, akitafuta kandambili zake, maana alikuwa mtu wa kuvua viatu popote usingizi unapomkuta na kesho yake kuilaumu nyumba nzima. Hakuzipata uvunguni, hakuzipata chini ya kiti. Alizikuta mlangoni, zimepangwa ubavu kwa ubavu, ncha zikitazama nje. Pembeni yake zilikuwepo za mkewe, na baada ya hizo za mama yake, zote zimenyooka mstari mmoja kama watu wanaosubiri kufunguliwa mlango.

Katika nyumba ile hakuna aliyekuwa akipanga viatu tangu binti yao Chiriku azikwe.

Aliinama akaokota kandambili moja. Ilikuwa na ute wa baridi, na kwenye ukanda kulikuwa na alama za meno mafupi, bapa. Akainua uso. Mwisho wa ua, karibu na karo la kufulia, kondoo alikuwa amesimama anamtazama. Kamba yake ilikuwa imefungwa vilevile kama jana, na hata ingevutwa namna gani isingefika mlangoni.

Bucha alivaa kandambili zake pamoja na ute wake, akaenda kazini. Hakumwambia mtu.

Tuelewane kwanza kuhusu kondoo huyo, kwa sababu wengi waliokuja kuzisikia habari hizi walimlaumu mnyama, na mnyama hakuwa na kosa lolote. Bucha lilikuwa jina la kazi. Alikuwa na duka la nyama lenye ndoano na gogo la kukatia, alikuwa na mikono mipana ya watu wa kazi hiyo, na kwa kuwa alizungumza kwa sauti ya kuita wateja hata akiwa anaomba chumvi mezani, watu walimdhania mtu mgumu. Walikosea sana. Mtu yule alikuwa na moyo laini kama siagi iliyosahauliwa juani, na alijijua, ndiyo maana aliweka sheria moja nyumbani kwake: mnyama wa kuliwa haruhusiwi kulala hapa. Alinunua mnadani, akapeleka machinjioni, akaletewa nyama dukani, basi. "Mimi sitaki kujuana na nyama," alikuwa akisema, na mkewe alikuwa akimcheka.

Mkewe alikuwa msusi. Alisukia watu barazani, na mtoto wao wa kwanza alikulia hapohapo, katikati ya magoti ya wanawake na maneno yao. Ndivyo alivyopata jina la Chiriku. Kabla hajaota meno mapya ya mbele alikuwa tayari akiongea kama mtu aliyekwisha kuachika mara mbili: analalamikia bei za vitu, anawauliza wageni kwa nini wamekonda, anatikisa kichwa na kusema, "Wanaume, mama, waache tu." Alikuwa pia na kazi alizojipa mwenyewe bila kutumwa. Mchana alisimama nyuma ya mama yake akimpa nyuzi za kusukia, mmoja mmoja, huku akiimba puani wimbo usio na maneno. Jioni alipanga viatu vya watu wote mlangoni, ncha nje, ili kesho baba asigombe.

Halafu ikaja homa. Walikwenda hospitali, wakapewa dawa, wakarudi. Homa ikawa inaondoka mchana na kurudi jua likizama. Bibi, mama yake Bucha, alimchua mtoto kifua kwa mafuta ya kafuri mpaka nyumba nzima ikanuka kafuri. Bucha hakuwa na la kufanya na mikono yake, kwa hiyo akaweka nadhiri: mtoto akiinuka, atachinja kondoo na mtaa mzima utakula. Na kwa pupa ya mtu anayetaka jambo liwe limekwisha kuwa, alikwenda mnadani siku hiyohiyo, akamnunua kondoo jike mweupe mwenye doa jeusi jichoni, akamleta nyumbani na kumfunga uani. Sheria yake ikavunjika hivyo, na wakati ule hakuna aliyeona ajabu.

Alfajiri iliyofuata Chiriku alifariki mikononi mwa baba yake.

Watu walikuja, wakalia, wakazika, wakaondoka. Kondoo akabaki. Nadhiri ilikuwa ya mtoto aliyepona, na mtoto hakupona, kwa hiyo hakuna aliyejua sasa mnyama yule ni wa nini. Kumchinja kungekuwa kama kufanya sherehe. Kumrudisha mnadani kungekuwa kama kusema yameisha. Jirani mmoja alipouliza kwa nini wasimpike wakawalisha wafiwa, Bibi alimkabidhi kisu, akamwambia, "Haya, kamchinje wewe, halafu uje unitazame machoni." Jirani akakumbuka ghafla kwamba ameacha maji jikoni.

Basi wakaishi naye, kila mtu akimkwepa kivyake. Bucha alimpa majani akiwa ametazama ukuta. Bibi alimmwagia maganda bila kusema neno. Msusi alimchukia waziwazi. Alitaka mtu amweleze ni kwa haki gani mnyama wa kuliwa anapumua na mwanawe yuko ardhini. Alikuwa na kichanga cha kunyonyesha, mvulana ambaye shingo yake ilikuwa bado haijakaza, na kila alipomnyonyesha aliipa kisogo kona ile ya ua.

Baada ya viatu, mambo yakaanza kuja mchana kweupe.

Msusi alikuwa amerudi kazini, kwa kuwa mikono isiyo na kazi ilikuwa ikimtesa. Siku hiyo alikuwa barazani na mteja, mwanamke mnene mwenye soga nyingi, na kichwa kilikuwa kimefika nusu. Alisuka, akanyoosha mkono wa kushoto nyuma bila kutazama, kama alivyozoea, na uzi ukawekwa kiganjani mwake. "Asante, mama," akasema, akaendelea. Akanyoosha tena. Uzi ukaja. Wimbo mdogo ulikuwa ukiimbwa nyuma ya shingo yake, wa puani, usio na maneno, na kwa kitambo hicho kifupi mwanamke yule alikuwa na furaha, kwa sababu mikono yake ilikuwa imesahau na yeye alikuwa bado hajakumbuka.

Mteja ndiye aliyegeuka. Aliona kondoo amesimama nyuma ya msusi, kidevu kimekaribia bega lake, uzi mweusi ukining'inia mdomoni. Hakuwa akiutafuna. Alikuwa ameushika kwa ncha za midomo tu, kwa adabu, akisubiri uchukuliwe.

Yule mama alikuwa mzito, lakini siku hiyo aliruka ngazi za baraza kama mtoto wa shule. Alikimbia mtaa mzima nusu kichwa kimesukwa, nusu nywele zimesimama, kitana kimechomekwa katikati, na mpaka leo hajarudi kumaliziwa ile nusu ya pili. Watu walicheka sana kisa hicho. Waliocheka hawakuwepo.

Msusi hakukimbia. Alibaki ameketi, mkono wake bado umenyooshwa nyuma, akinusa kafuri.

Tangu siku hiyo aliacha kumchukia kondoo. Alimwogesha kwa maji ya uvuguvugu, akamchana manyoya kwa kitana chake kingine cha kazi, akawa anamwingiza ndani mvua ikinyesha na hata isiponyesha. Alizungumza naye kwa sauti ya chini, akinyamaza hapa na pale kama mtu anayesikiliza jibu, na mara nyingine alicheka. Wateja hawakuja tena, naye hakuwauliza. Uso wake ulirudiwa na nuru, na hilo ndilo lililomtisha Bucha kuliko yote, kwa sababu alikuwa akimpenda mkewe, na alikuwa ameomba sana kumwona akicheka, na sasa alikuwa akiogopa kurudi nyumbani kumkuta anacheka.

"Baba, hebu njoo," Bibi alimwita mwanawe jioni moja. Alimvuta jikoni, akafunga mlango, akauegemea. "Yule mnyama ananuka kafuri."

"Nyumba nzima inanuka kafuri, mama."

"Nyumba nimeisugua kwa sabuni. Chupa yenyewe nimeitupa."

"Labda ni upepo."

"Upepo unajua kuimba?"

Bucha akatazama sufuria.

"Usinifanye mimi mtoto," Bibi akanong'ona. "Ule wimbo umeusikia. Na mimi nimeusikia. Na mkeo anauitikia. Lakini siyo hilo nililokuitia. Huyu mdogo anapungua. Kila akibembelezwa kulala, akiamka amezidi ubaridi. Leo nimemshika mguu nikadhani nimeshika bomba la maji."

"Tumpeleke hospitali."

"Tumetoka huko asubuhi, mimi na mama yake. Wanasema hana kitu." Bibi akazidi kuuegemea mlango. "Na yule mwingine walisema anaendelea vizuri. Mimi sitaweza kuzika tena, baba. Mimi ndiye niliyetakiwa kutangulia."

Kesho yake mvua ilinyesha tangu mchana. Dukani hakukuwa na mtu, na Bucha akafunga mapema. Aliingia nyumbani kukiwa bado na mwanga, akaita, hakuitikiwa. Kamba ya kondoo ilikuwa uani, imelowa, kitanzi chake bado kimefungwa na ndani yake hamna shingo. Akavua viatu, akaingia kwenye ujia wa vyumbani polepole, na kadiri alivyokaribia chumba cha watoto ndivyo harufu ya kafuri ilivyozidi kuwa nzito mpaka ikawa inamwasha macho, na wimbo ule wa puani ukawa unasikika juu ya kelele za mvua, na chini ya wimbo kulikuwa na sauti nyingine, ndogo, laini, yenye mwendo mmoja, pa, pa, pa, sauti ambayo kila mzazi anaijua na hakuna mzazi anayeiogopa, lakini Bucha, bila kujua kwa nini, aliiogopa, akausukuma mlango kwa kidole kimoja na kuwaona, mkewe ameketi ukingoni mwa kitanda cha Chiriku, macho ameyafumba, kichanga kiko begani mwake, na kiganja chake kinampigapiga mgongoni taratibu ili alale, na mbele yao kondoo amesimama juu ya mkeka, na kila kiganja kilipogusa mgongo wa mtoto, pa, kondoo akasogea, pa, akasogea tena, kama mtu anayeitwa, na uso wa mtoto, uliokuwa umelazwa begani ukimtazama baba yake pale mlangoni, ulikuwa umeanza kugeuka rangi ya majivu.

Ndipo Bucha alipoelewa.

"Usimpige mgongo!"

Aliruka, akaudaka mkono wa mkewe hewani. Wimbo ukakatika. Kondoo akarudi nyuma taratibu, bila chuki, kama mteja aliyeambiwa asubiri kidogo.

"Una nini wewe?" mkewe akasema, akifumbua macho. "Namlaza mtoto."

"Usimpige mgongo. Nakuomba. Mbebe, mkumbatie, mwimbie, lakini mgongo usimpige."

"Kwa nini?"

Bucha aliketi sakafuni na nguo zake zilizolowa. Alikuwa hajawahi kumweleza mtu, kwa sababu hata yeye mwenyewe alikuwa hajajieleza mpaka dakika ile.

Kule mnadani, alisema, watu wanabishana bei watakavyo, wanatukanana, wanaondoka na kurudi, lakini zote hizo ni kelele. Biashara inakamilika pale tu mwenye mali anapopiga mgongo kwa kiganja na kusema, "Mali yako." Aliyepigwa mgongo ameuzwa. Aliyebaki kwenye kamba ya muuzaji hajauzwa. Baada ya hapo hakuna kurudishiana, hata mnyama akidondoka palepale. Yeye alikuwa ameuza mifugo hivyo tangu ujana wake, kabla ya kufungua duka, mpaka mkono ulikuwa ukiifanya kazi hiyo bila kumuuliza.

"Alfajiri ile alikuwa anaungua," akasema. "Nikamweka begani, nikatoka naye uani apate hewa. Nikamfungua kondoo, kamba nikaizungusha hapa kwenye mkono asije akakimbia. Nilitaka kuomba. Sikujua niombe vipi. Mimi najua kununua na kuuza. Nikasema, yeyote anayenisikia, tubadilishane, chukua mmoja uniachie mmoja. Nilimaanisha kondoo. Mungu ananiona, nilimaanisha kondoo. Nikasema, mali yako. Lakini mkono..." Akautazama mkono wake. "Mtoto alikuwa analia. Mkono ulikuwa unambembeleza, mgongoni."

Mvua iliendelea juu ya bati.

"Palepale akapoa," akasema.

Mkewe alikibana kichanga kifuani.

"Ulikuja chumbani unakimbia," akasema taratibu. "Ukaniamsha. Ukaniambia homa imeshuka."

"Ilikuwa imeshuka."

"Ulikuwa unacheka."

"Nilikuwa nacheka," Bucha akasema, akauficha uso wake kwenye magoti ya mkewe. Mwanamke yule hakumsukuma wala hakumgusa.

Bibi ndiye aliyemleta mganga asubuhi yake. Mganga huyo alikuwa mwanamke mfupi, zamani alikuwa akiuza mkaa, na kwa kumtazama ungedhani bado anauza. Alikuja na mwavuli na kikohozi. Aliomba chai kwanza, yenye sukari ya kutosha, akaenda nayo uani, akaketi kwenye kigoda na kuweka sikio ubavuni mwa kondoo, kama mtu anayesikiliza redio ya jirani kupitia ukutani. Akasikiliza mpaka chai ikapoa.

"Yumo?" Bibi akauliza kwa kunong'ona.

"Humu hayumo. Huyu ni mlango tu. Mwenyewe amesimama pale." Akaonyesha kwa kidevu mahali patupu kando ya karo. Wote wakatazama, hawakuona kitu, ila maji yaliyokuwa karoni yalikuwa yakitetemeka na hakukuwa na upepo. "Ni jini wa mnadani. Siyo mkorofi. Wakorofi nawaweza, nawatukana wanakwenda zao. Huyu ni mwaminifu, na hao ndio wagumu. Anasema alipigiwa mgongo, akachukua chake. Hajamdhulumu mtu."

"Mimi nilikuwa naomba kwa Mungu," Bucha akasema.

"Uliomba kwa mtindo wa mnadani, baba. Wa mnadani ndio waliokusikia." Hakusema kwa ukali. "Na kila jioni anamwona mkeo anapiga mgongo mwingine. Anadhani anaitwa."

Msusi alikuwa amesimama mlangoni na kichanga mikononi. "Arudishe," akasema. "Mwambie amrudishe mwanangu, achukue kondoo wake. Kondoo mzima, hana hata kovu. Mwambie."

"Nimemwambia."

"Amesemaje?"

Mganga aliikoroga chai iliyokwisha kupoa. "Ameuliza kama dukani kwenu mteja akishakula nyama huwa mnamdai airudishe."

Bucha alijifunika mdomo kwa mkono.

"Sasa nisikilizeni," mganga akasema. "Huyu mnyama mmebakiziwa nyinyi, na hamumli, hamumuuzi, mmemweka tu. Kwa huyo bwana, hilo ni duka lililo wazi. Halifungwi mpaka na nyinyi mtumie cha kwenu. Achinjwe leo. Aliwe na watu wa nyumba hii peke yao, asionje jirani, asiokote mbwa, mpaka aishe."

Msusi akaja akasimama kati ya mganga na kondoo. "Ananipa nyuzi," akasema. "Anaimba wimbo wake. Ndiye? Niambie tu kama ndiye, sikuulizi kingine."

"Hilo sitakuambia, mwanangu. Nikisema ndiye, hutaweza. Nikisema siye, hutaniamini. Nakwambia hili tu: huyo uliyembeba hajanyonya tangu jana."

Msusi akamtazama kichanga. Midomo yake ilikuwa mikavu, na macho yake yalikuwa yametulia mno kwa mtoto wa umri ule. Akambusu utosini, akamtazama kondoo, akarudi kumtazama mtoto, na kila aliyekuwa pale aliona mama anapasuka katikati na hakuna aliyeweza kumsaidia.

"Nitampika mimi," akasema mwishowe. "Asiguse mtu mwingine."

Bucha alinoa kisu muda mrefu kuliko ilivyohitajika. Kondoo alimfuata mwenyewe, bila kamba, akajilaza kwenye saruji karibu na karo kana kwamba ameonyeshwa kitanda. Kondoo si mnyama wa makelele, wachinjaji wote wanalijua hilo, na Bucha alikuwa akilitegemea. Alipiga goti, akakishika kichwa.

"Baba," sauti ikasema. Ilikuwa ndogo, nzito kidogo, ya mtu anayetoka usingizini. "Bado nina homa?"

Bibi alijifunika nguo usoni. Msusi alikaa chini palepale alipokuwa.

Bucha akakiweka kisu chini. Aliweka kiganja kwenye paji la uso wa kondoo, akakiacha hapo kwa muda, kama alivyokuwa akifanya kila mara alipoulizwa swali hilo.

"Hapana, mama," akasema. "Imeshuka. Umepoa kabisa. Lala."

Kondoo akafumba macho. Bucha akaokota kisu, na kwa kuwa mikono yake ilikijua kisu, alifanya mara moja tu, asimuumize.

Kabla ya kuondoka, mganga alifungua mwavuli ingawa jua lilikuwa limetoka. Bibi alimsindikiza hadi nje, akamuuliza kama sasa yule bwana atakwenda.

"Mteja hafukuzwi," mganga akasema. "Anakatishwa tamaa. Atapita, atasikiliza, akikosa atapita siku nyingine. Msimpige mtu mgongo katika nyumba hii. Mtoto, mgonjwa, anayelia, yeyote. Hata kwa utani."

Kondoo mzima si chakula cha siku moja kwa watu watatu. Msusi alichemsha kwa maji na chumvi, nyama nyingine akaianika juu ya jiko, na sufuria haikutoa harufu ya nyama hata kidogo, ilitoa kafuri. Walikula wakiwa wameketi kwenye sakafu ya jikoni, mlango umefungwa. Mara ya kwanza Bucha hakuweza kumeza. Mkewe alichukua kipande kwa vidole, akamtia mdomoni kama anayelisha mtoto. "Kula," akasema. "Uliuza, sasa kula." Halafu akaona aibu kwa alichosema, akachukua kipande kikubwa zaidi, akala yeye. Bibi, ambaye meno yalikuwa yamemwishia, alifyonza mifupa. Walikula asubuhi na jioni, hawakupika kingine, na mifupa waliichoma mpaka ikawa unga.

Na kwa kila walichokula, mtoto alipata joto. Kwanza nyayo, halafu magoti. Siku alipolia kwa njaa, kilio cha ukali cha mtoto mzima, Bibi alicheza kidogo pale jikoni, halafu akaacha, akaona haya. Furaha ilikuwa imekuja, lakini hapakuwa na pa kuiweka.

Jioni moja kilibaki kipande kimoja kwenye sahani. Nyumba ilikuwa haina tena harufu yoyote. Kafuri yote iliyobakia duniani ilikuwa kwenye kipande kile. Msusi alikishika karibu na pua yake, akavuta pumzi, akavuta tena, mpaka Bucha akageuka ukutani. Kisha akakitia mdomoni. Alikitafuna polepole sana, machozi yakimwingia mdomoni pamoja na nyama, na alipomeza alibaki amefungua mdomo kidogo, kama mtu aliyetaka kuita na kukuta jina limeshuka tumboni.

Mtoto akaamka. Akanyonya kwa uroho, akashiba, akakunja uso kwa gesi iliyomjaa tumboni, akaanza kulia. Mama yake akamweka begani, na mkono wake ukainuka wenyewe.

"Hodi," mtu akasema nje ya mlango wa ua. Ilikuwa sauti ya upole, ya mtu asiye na haraka.

Mkono ukasimama hewani. Bibi aliziba mdomo wake kwa viganja viwili, asije akasema karibu kwa mazoea. Walikaa hivyo, mtoto akilia, mpaka nyayo zikasikika zikienda taratibu upande wa pili wa mtaa.

Msusi aliushusha mkono, akamlaza mtoto mapajani na kumwacha alie mpaka gesi itoke yenyewe. Ndipo naye akaanza kulia. Hakuwa amelia hivyo hata siku ya mazishi. Alilia kwa sauti, akiinama mbele, mabega yakimruka, akimwita Chiriku kwa jina lake na kumwomba msamaha. Bucha alisogea akaketi ubavuni mwake, bega kwa bega. "Nyamaza, mama watoto," akasema. "Nyamaza. Niko hapa." Alimbembeleza hivyo mpaka giza likaingia, kwa mdomo tu, mikono yake yote miwili ameikalia.